Ashley: Jina la mti, la mto na la binti wa Rose

Miongoni mwa haki za mtoto juu ya wazazi wake, haki ya kupewa jina jema ni ya mwanzo kabisa kutimizwa. Kabla hajajua kusema wala kutembea, tayari amekwishavikwa vazi ambalo hatalivua mpaka siku ya kuingizwa kaburini. Ndiyo maana wazee wetu, wanapoletewa habari ya mtoto aliyezaliwa, huuliza mambo mawili baada ya kumshukuru Mwenyezi Mungu: mama yake hajambo, na mtoto kaitwa nani? Jina likiwa geni masikioni mwao, hufuata swali la tatu: maana yake nini?

Swali hilo la tatu liliifikia familia yetu mwaka jana, nalo likaniangukia mimi, kwa kuwa nilifundisha Kiingereza katika shule za sekondari kwa zaidi ya miaka 30.

Mpwa wangu, binti wa dada yangu mkubwa, anaishi katika mji wa Leicester, Uingereza. Ameolewa na kijana wa Kiingereza aliyesilimu miaka michache kabla ya ndoa yao. Mama mkwe wake si Muislamu, lakini ni mtu wa wema usio na kelele. Mpwa wangu alipokuwa mjamzito na mumewe yupo kazini, ni mama huyo aliyemsindikiza kliniki, akampikia, na akajifunza kipi halali na kipi haramu ili asimtie mkwewe katika dhiki. Kwa muda wote huo aliomba jambo moja tu. Alikuwa na kaka yake aliyemlea baada ya baba yao kufariki, na kaka huyo aliondoka duniani angali kijana, bila ya kuacha mtoto. Jina lake lilikuwa Ashley, ambalo wenyewe hulitamka Eshli. Mama yule aliomba mjukuu atakayezaliwa, awe wa kiume au wa kike, alibebe jina hilo.

Mtoto akazaliwa wa kike. Habari zikafika Tanga kwa simu, na hapo ndipo shughuli ilipoanza. Dada yangu alikuwa na jina lake tayari, Zainab, jina la marehemu mama yetu. Aliposikia kwamba lipo na la pili, aliuliza kwa mshangao: "Huyo Ashley si mwanamume? Si ndiye yule mchezaji mpira aliyekuwa akishangiliwa na vijana hapa barazani?" Katika hilo hakukosea. Ashley Cole, beki wa Arsenal na baadaye Chelsea, na Ashley Young wa Manchester United, ni wanaume wawili ambao mashabiki wa mpira katika pwani yetu wanawajua kama wanavyowajua jirani zao.

"Basi," akasema dada, "mjukuu wangu wa kike anapewa jina la kiume, tena la Kizungu, na hata maana yake haijulikani. Jina hilo mimi halitatoka kinywani mwangu. Wewe mdogo wangu ndiye uliyesoma vitabu vyao. Niambie, maana yake nini, na ni la mume au la mke?"

Zilikuwa zimesalia siku tano kufika siku ya saba, siku ya akika. Mpwa wangu alikuwa akilia kwenye simu. Kushoto kwake yupo mama aliyemzaa, kulia kwake yupo mama aliyemtunza, na kila mmoja ameshika jina la maiti wake mpendwa. Mimi nikaenda kwenye vitabu.

Maana ya asili haikuwa ngumu kuipata. Ashley ni jina la Kiingereza cha kale, lenye maneno mawili ndani yake. La kwanza ni jina la mti uitwao ash, ambao kwa kuwa hauoti kwetu, Kiswahili hakikuupa jina. La pili, leah, ni uwazi ndani ya msitu, mahali palipofyekwa pakaingia jua. Kwa hiyo Ashley ni uwazi wa msituni penye miti ya ash. Waingereza wa zamani waliuthamini mno mti huo, kwa sababu ubao wake ni mgumu na papo hapo unapindika bila ya kuvunjika. Walitengenezea mipini ya mashoka na nyundo, makasia ya mashua na vipini vya mikuki, hata neno lile lile la mti likawa pia neno la mkuki katika mashairi yao ya kale.

Jambo moja lilinifurahisha zaidi. Wataalamu wa mimea huuweka mti huo katika ukoo mmoja na mzeituni na yasmini. Mzeituni ni mti uliotajwa katika Qur'ani Tukufu, na yasmini ni ua linalosukwa vikuba na kutiwa chumbani mwa bibi harusi katika pwani hii. Mti wa Kizungu ule, kumbe, una jamaa zake uani kwetu.

Kisha nikafuata safari ya jina lenyewe. Mwanzo lilikuwa jina la mahali, na hadi leo viko vijiji vya Ashley katika majimbo kadhaa ya Uingereza. Watu waliotoka katika vijiji hivyo wakaitwa kwa jina la kwao, kama sisi tunavyosema Mmakunduchi au Mlamu, na hivyo likawa jina la ukoo. Halafu likapanda ngazi nyingine, likawa jina la mtu binafsi, na katika ngazi hiyo mwanamke alikuwa na mkono wake. Mwaka 1621 alizaliwa Anthony Ashley Cooper, ambaye baadaye alikuwa mwanasiasa mkubwa na Lodi wa Shaftesbury. Cooper ni ukoo wa baba yake. Ashley ni ukoo wa mama yake, bibi Anne Ashley, aliyekuwa binti wa Sir Anthony Ashley. Desturi ya kuuingiza ukoo wa mama ndani ya jina la mtoto ndiyo iliyoyafanya majina mengi ya koo za Uingereza kugeuka majina ya watoto.

Katika uzao wake huyo akatokea Lodi Ashley wa karne ya 19, aliyezaliwa mwaka 1801 na kufariki mwaka 1885. Yeye alisimama bungeni kuwatetea watoto na wanawake waliokuwa wakifanyishwa kazi za kuua. Sheria ya mwaka 1842, aliyoipigania, ilipiga marufuku wanawake, wasichana na wavulana wenye umri wa chini ya miaka 10 kufanya kazi chini ya ardhi katika migodi. Ile ya mwaka 1847 iliweka kikomo cha saa 10 kwa siku kwa wanawake na vijana katika viwanda vya nguo.

Hadi hapo Ashley ni mwanamume. Mwaka 1936 mwandishi wa Kimarekani Margaret Mitchell alitoa riwaya yake maarufu, Gone with the Wind, na ndani yake yumo bwana mmoja mpole aitwaye Ashley Wilkes. Filamu yake ilitoka mwaka 1939, na aliyemwigiza bwana huyo ni Leslie Howard, mwanamume mwenye jina ambalo nalo leo hupewa jinsia zote mbili. Tangu miaka ya 1960 wazazi wa Marekani wakaanza kulichukua jina la Ashley kwa ajili ya mabinti. Mwaka 1982 akatokea mhusika wa kike mwenye jina hilo katika mchezo wa televisheni wa kila siku uliotazamwa na mamilioni. Ilipofika mwaka 1991, na tena mwaka 1992, Ashley lilikuwa ndilo jina lililoongoza kwa kupewa watoto wa kike katika Marekani nzima. Huko Uingereza wavulana waliendelea kuitwa hivyo bila ya mtu kushangaa, na ndio maana dada yangu aliwaona kina Ashley wanaume katika televisheni ya barazani.

Jibu la nusu ya pili ya swali la dada, basi, lilikuwa hili: inategemea umesimama ufukwe gani wa bahari ya Atlantiki, na katika mwaka upi.

Nilipochunguza zaidi nikaona kwamba majina ya namna hii yana kawaida yao. Hutoka kwa wanaume yakaenda kwa wanawake, na ni nadra kurudi. Shirley lilikuwa jina la kiume hadi mwaka 1849, Charlotte Brontë alipotoa riwaya ambayo ndani yake wazazi waliotarajia mtoto wa kiume wanampa binti yao jina hilo, na leo ni vigumu kumpata mwanamume anayeitwa Shirley. Evelyn lilishirikiwa kiasi kwamba mwandishi Evelyn Waugh, mwanamume, alimuoa mwaka 1928 mwanamke ambaye naye akiitwa Evelyn, na rafiki zao wakalazimika kuwatofautisha kwa kusema Evelyn mume na Evelyn mke. Mzazi huona fahari kumpa binti jina la kiume, akidhani amempa nguvu. Lakini mabinti wakishakuwa wengi katika jina hilo, wazazi wa wavulana hulikimbia, kana kwamba jina limepungua thamani kwa kuguswa na mwanamke. Ipo dharau ndani ya mwendo huo, nayo haiko kwa Wazungu peke yao. Dada yangu mwenyewe, nilipomuuliza, alikiri kwamba mvulana kuitwa jina la kike kungemkera mara mbili zaidi.

Hoja yake kubwa hata hivyo haikuwa ya desturi. Alikumbuka hadithi ya Mtume (S.A.W.) inayowalaani wanawake wanaojifananisha na wanaume na wanaume wanaojifananisha na wanawake, akaogopa mjukuu wake asije akaingizwa humo tangu utotoni. Hofu hiyo niliiheshimu, nami sikutaka kuijibu kwa elimu ya darasani. Nikampeleka kwa shekhe wa msikiti wa mtaani kwetu, mzee asiyepayuka.

Shekhe alitusikiliza hadi mwisho, kisha akasema kwamba kujifananisha kunakokatazwa ni katika lile ambalo ni la jinsia moja peke yake, na kwamba jina hupimwa kwa maana yake na kwa ada ya watu wanaolitumia. Akatukumbusha majina ambayo sisi tunayajua upande mmoja tu. Hind kwetu ni mwanamke, na hali Bi Khadija (R.A.) alikuwa na mtoto wa kiume aitwaye Hind bin Abi Hala, aliyelelewa nyumbani kwa Mtume (S.A.W.). Asma kwetu ni binti Abubakar, lakini miongoni mwa Masahaba wanaume alikuwemo Asma bin Haritha. Na katika wapokezi wa hadithi wa mji wa Basra yumo mwanamume aitwaye Juwayriya bin Asma: mwana na baba, wote wawili wana majina ambayo leo tungewapa mabinti zetu bila ya kusita.

Kisha akaeleza ni majina gani Mtume (S.A.W.) aliyabadilisha. Mwanamke aliyeitwa Aswiya, kwa herufi ya swad, yaani mwenye kuasi, alimwita Jamila. Na aliyeitwa Barra, yaani mwema, alimwita Zainab, ili mtu asijisifu utakatifu kila anapojitaja. "Sasa," shekhe akamuuliza dada, "hili la mjukuu wako linaasi nini, au linajisifu nini? Uwazi wa msituni penye miti! Tunao kina Riziki, kina Nuru na kina Bahati hapa mtaani, wake kwa waume, na hakuna aliyepotea njia ya kwenda nyumbani."

Dada alicheka kidogo, lakini nilimjua: alikuwa ameshindwa hoja, moyo wake haukuwa umefunguka. Tukiwa njiani kurudi alisema, "Sawa, haliharamishwi. Lakini ni jina tupu. Mti na msitu! Zainab ni mama yangu. Huyo Ashley ni nani?"

Hapo ndipo nilipomhadithia habari niliyokuwa nimeipata usiku uliotangulia, ambayo nilikuwa sijui kama ingefaa kusimuliwa mbele ya habari njema ya mtoto.

Yule Anthony Ashley Cooper wa karne ya 17 alikuwa mmoja wa mabwana 8 waliopewa na mfalme wa Uingereza, mwaka 1663, koloni la Carolina huko Amerika. Mji wa Charleston ukaanzishwa huko mwaka 1670, na mito miwili inayokutana mbele yake ikapewa majina yake: mmoja Ashley, mwingine Cooper. Kando ya mito hiyo Waafrika waliotekwa walilimishwa mpunga, na bandari ya Charleston ikawa mlango mkubwa wa kuwaingiza watumwa Marekani. Ndani yao walikuwamo Waislamu. Umar bin Said, mwanachuoni wa Futa Toro katika nchi ambayo leo ni Senegal, alishushwa hapo mwaka 1807. Wenye kummiliki walimwita Moreau, lakini mwaka 1831 aliandika kwa Kiarabu maisha yake mwenyewe, na jina lake halikupotea.

Katika mji huo huo, katikati ya karne ya 19, aliishi mama mmoja mtumwa aliyeitwa Rose. Alikuwa na binti wa miaka 9 aliyeitwa Ashley, miaka zaidi ya 100 kabla ya jina hilo kuwa la fasheni kwa mabinti wa Kimarekani. Mwanahistoria Tiya Miles, katika kitabu chake cha mwaka 2021, ameyafuatilia majina ya Rose na Ashley hadi katika orodha ya mali ya tajiri mmoja wa Charleston aliyefariki mwaka 1852, humo humo pamoja na thamani zao za fedha. Mtoto yule aliuzwa peke yake. Mama yake alimpa mfuko wa kitambaa cha pamba. Ndani yake alitia gauni lililochakaa, konzi tatu za njugu za mti wa pikani, na msuko wa nywele za kichwa chake mwenyewe. Akamwambia kwamba mfuko huo umejaa mapenzi yake daima.

Ashley alikua, akazaa, akasimulia. Mwaka 1921 mjukuu wake, Ruth Middleton, aliitarizi habari hiyo kwa uzi juu ya mfuko wenyewe, mistari michache tu. Mfuko ukaja kupotea, ukaibuka mwaka 2007 katika soko la vitu vya zamani huko Tennessee, na baadaye ukawekwa katika jumba la makumbusho la historia ya Wamarekani Weusi mjini Washington, ambako watu walisimama mbele yake wakilia.

Dada alisimama njiani. Akauliza jambo moja tu: "Huyo mama, alimwona tena mwanawe?"

Nikamjibu, hapana. Mjukuu ameitarizi hata hiyo.

Hakusema neno mpaka tulipofika nyumbani. Yeye naye alimsindikiza binti yake uwanja wa ndege miaka 7 iliyopita, begi limejaa kanga, mchele wa Mbeya na chupa ya mafuta ya nazi. Tofauti ni kwamba dada yangu humwona mwanawe katika simu kila Ijumaa, na tofauti hiyo ni kubwa kuliko bahari. Usiku ule alimpigia simu mpwa wangu, akamwomba ampe mama mkwe azungumze naye. Dada yangu hajui Kiingereza, na yule bibi hajui Kiswahili, ikabidi mpwa wangu awe mkalimani huku amempakata mtoto. Dada aliuliza habari za yule kaka aliyefariki: alikuwa mtu wa namna gani, alipenda kula nini, alikufa kwa maradhi gani. Mazungumzo yalichukua saa nzima. Mwisho wake dada akasema, "Mwambie nimemjua sasa."

Siku ya saba mtoto aliitwa Zainab Ashley, akika ikasomwa, na majina yote mawili yakaandikishwa serikalini kabla ya kupita siku 42 ambazo sheria ya Uingereza inazitoa. Dada yangu humwita "mama", kama ada yetu inavyomtaka kumwita mtoto aliyebeba jina la mama yake. Bibi wa Leicester humwita Ashley. Ukoo mzima haukuridhika, na wapo jamaa ambao wakitaja jina la mtoto hukomea kwenye Zainab. Hilo ni lao.

Nimeandika haya kwa sababu najua nyumba nyingi za wasomaji wa ukurasa huu zina watoto waliooa au kuolewa mbali, na majina mageni yanapiga hodi. Ulizeni maana, ni haki yenu na ni wajibu wenu. Jina lenye shirki, matusi au majivuno likataliwe bila ya haya. Lakini kamusi itakupeni nusu tu ya jawabu. Kamusi iliniambia kwamba Ashley ni mti na uwazi wa msituni. Haikuniambia habari za mama aliyemkatia mwanawe msuko wa nywele zake, wala za kijana wa Kiingereza aliyemlea mdogo wake asiye na baba. Hizo huzijui mpaka umuulize mtu aliyelileta jina mlangoni kwako: nani alikuwa nalo kabla, na alikufanyia nini hata ukataka lisife?